Mfagiaji kutoka Italia

Vumbi halina haraka.

Nililiona asubuhi ghalani ninakofanya kazi, Ingleburn, huku ughaibuni, mlango mkubwa ulipovutwa juu na jua la majira ya baridi likaingia limelala, likapita chini ya malori. Vumbi la maboksi, vumbi la nyuzi, vumbi la ngozi zetu sisi tunaobeba. Lilisimama ndani ya mwanga kama wageni waliofika mapema, wasiojua waketi wapi. Halikupanda. Halikushuka. Nikasimama nalo, barakoa imenilowa mdomoni, nikakuwaza wewe, Généreuse, mke wangu. Nikawaza sakafu yetu.

Sakafu yetu ilikuwa na vumbi, na vumbi lile halikuwa la kuguswa.

Ulikuwa mwaka wa pili wa ugonjwa, ule wa helikopta. Za polisi, zilizunguka juu ya mitaa yetu, zikashuka kidogo, zikapanda, kama mtu anayetafuta kitu alichokiweka mwenyewe. Mipaka imefungwa. Ndege zimelala. Mgeni haruhusiwi kuvuka mlango wa mwenzake. Wenye karatasi ya ruhusa walitoka gizani kwenda kubeba vitu vya waliokaa nyumbani, na mimi nilikuwa mmoja wao, na nilichoka, Généreuse, nilichoka uchovu ambao usingizi haukuweza kuufikia.

Ndipo wa nyumbani, Uvira, wakapiga simu. Mama yako, Mélanie, alikuwa amelala na hakuamka.

Tulimzika kwa simu. Uliishika kwa mikono miwili, kama mtu anayekunywa chai ya moto. Tukaona mabega ya watu. Tukaona anga. Tukaona kiatu cha mtu, tukaona jeneza likianza kushuka, na picha ikaganda. Iliporudi, kazi ilikuwa imekwisha na watu walikuwa wanajikung'uta magoti. Hukuuona udongo ukianguka. Hukulia. Uliniambia tu, "Leta godoro sebuleni." Nikalileta. Ukakaa.

Ukakaa, na vumbi likaanza kukaa nawe.

Kwenu, upande wa mama yako, nyumba ya msiba haifagiwi. Nilikuta hivyo nilipokuoa, sikuuliza sana. Vumbi la siku zile ni la marehemu. Ni miguu ya waliokuja kuketi, ni majivu ya jiko lao, ni nywele, ni makombo. Anayelitoa kabla ya wakati anamtoa marehemu mwenyewe, tena kwa nguvu. Siku ikifika, anakuja mwanamke asiye wa ukoo, na ufagio wake mkononi. Hasalimii. Haulizi. Anaanza chumba cha ndani kabisa, anatoka nalo polepole mpaka mlangoni, anavuka nalo kizingiti. Hashukuriwi. Anawekewa beseni la maji anawe miguu, basi, anakwenda zake. Baada yake watu wanapika, wanaimba, wanarudi shambani. Kabla yake hakuna kinachoanza.

Lakini hapa nani angevuka mlango wetu?

Mama Ninahazwe angekuja. Mrundi, jirani yetu wa kambi ya wakimbizi, sasa anakaa Fairfield, na kwa mambo kama hayo ndiye aliyeitwa kila nyumba. Alisema kwenye simu ya pamoja, wenzetu wote wakisikia, kwamba atapanda treni, na ufagio atauficha ndani ya mfuko wa mchele. Fairfield ilikuwa mbali kuliko mtu alivyoruhusiwa kwenda.

"Watakukamata, dada," ukamwambia. "Utawaeleza nini?"

"Nitawaeleza naenda kufagia."

Patient, rafiki yangu wa Penrith, ambaye hajawahi kuacha kilio bila utani, akadakia: "Andika kwenye ruhusa yako, mama: kazi ya lazima, usafi. Polisi watakusindikiza."

Watu wakacheka kidogo. Wewe hukucheka. "Asije," ukasema. "Akishikwa na ugonjwa humu, itakuwa maiti juu ya maiti."

Hivyo msiba wetu ukakosa wa kuufunga.

Wiki zikapandana. Vumbi halina haraka. Lilikaa juu ya televisheni, lilikaa kwenye miguu ya viti, lilikaa kwenye kioo cha picha yetu ya harusi mpaka tukaonekana kama watu waliooana wakati wa ukungu. Huko kazini kwako, kwa wazee unaowaogesha na kuwalisha, walipiga simu wakiuliza utarudi lini. Ukaitazama simu mpaka ikanyamaza yenyewe. Siku moja nikakuambia, taratibu, nifagie mimi. Ukaniangalia bila hasira.

"Weye ni wa nyumba," ukasema. "Wa nyumba hajifagilii."

Sikubisha. Jambo ambalo sikulianzisha mimi huwa nalitazama muda mrefu kabla ya kulisemea. Lakini nilikuwa naona unavyopungua. Kitenge kilichokutosha kilianza kukuzunguka na kubaki. Na kila nilipoingia kutoka kazini niliogopa kitu kimoja, nakitaja sasa: kwamba utakaa hapo mpaka uwe sehemu ya lile vumbi, na mimi nitakuwa napita kando yako kwa adabu, naogopa kukugusa.

Watu walikuja kwa njia waliyoachiwa. Jumapili mchana, baada ya maombi, nyuso zilijipanga kwenye simu, visanduku visanduku, na kila kisanduku kilikuja na neno lake. Pole. Jipe moyo. Bwana alitoa, Bwana ametwaa. Maneno mema, siyalaumu. Lakini kilio kwetu si maneno. Kilio ni mtu kuja, kuvua viatu, kuketi chini, na kunyamaza nawe mpaka kunyamaza kwenu kuwe kumoja. Kwenye simu, mtu akinyamaza, wenzake wanadhani mtandao umekatika.

"Allo? Allo, Mama Falone, uko unatusikia?"

Basi wakasema. Wakasema, wakasema, na wewe ukageuza uso ukutani.

Filamu aliileta Falone, binti yetu. Alikuwa anasomea chumbani, mwalimu wake akiwa ndani ya kompyuta, na darasa lao lilikuwa limepewa filamu fupi ya Kitaliano, kila mtoto aeleze maana yake. Ugali ungeiva nayo imekwisha. Hakuna anayesema humo. Hakuna muziki. Falone aliitazama, akaja jikoni, akaniambia kwa Kiingereza, kama anavyonijibu siku zote, kwamba haelewi chochote, na kwamba mtu wa filamu humu ndani ni mimi.

Kweli, nilikuwa. Kambini kulikuwa na banda la video: turubai juu, jenereta nje, na mimi kando ya televisheni nimeshika kipaza sauti, nawaambia watu Wahindi wanasema nini, Wachina wanasema nini, Waamerika wanasema nini. Waliniita Tradukta. Hakuna aliyenifundisha, na lugha zile sikuzijua hata moja. Nilikuwa naitazama filamu kwanza peke yangu, sauti nimeizima. Mara ya kwanza nilitazama mikono. Mara ya pili, miguu. Mara ya tatu, milango: nani anaingia, nani anatoka, nani anaachwa. Baada ya hapo nilijua la kusema. Halikuwa neno lao. Lilikuwa neno ambalo ile mikono isingelikataa.

Patient aliposikia habari ya filamu ya Falone, alifurahi kuliko kawaida.

"Tradukta, leo umepata dawa yako. Filamu isiyo na mdomo. Tuone utadanganya nini."

"Sijawahi kudanganya mtu."

"Na yule Mchina aliyeomba mahari kwa Kifuliiru?"

"Alikuwa anaomba. Uliona mikono yake."

Tukapatana. Jumapili ile, badala ya kukuongezea maneno ya pole, ningewatafsiria filamu, kama zamani, upate kupumzika moyo. Nilidhani nakusaidia. Nilidhani kinachokosekana kwenye filamu ile ni maneno.

Nikaitazama, sauti nimeizima, kwa utaratibu wangu. Mikono, miguu, milango.

Ni nyumba ya mawe, mlimani, katika kijiji ambacho watu wamekihama. Madirisha yana mbao, na mwanga unapenya katikati ya mbao umekatwa vipande, unalala sakafuni kama nguo zilizoanikwa. Muda mrefu hakuna kitu. Ukuta tu. Ukuta unatazamwa mpaka unaanza kupumua. Halafu anaingia mwanamke mtu mzima, koti la kijivu, soksi nzito, ufagio wa vijiti mkononi. Anapita vyumba bila kugusa. Anafika mwisho. Anaanza.

Anafagia, na aliyeitengeneza filamu hamtazami usoni. Anatazama vijiti vya ufagio. Anatazama vumbi likinyanyuka kwenye vile vipande vya mwanga, anakaribia, anakaribia zaidi, mpaka huoni chumba, unaona nyota; mpaka hujui kama uko ndani ya nyumba au uko nje na mbingu. Picha moja inalala juu ya nyingine. Sakafu inakuwa maji, maji yanakuwa shuka, shuka inakuwa sakafu tena. Na ufagio unaendelea.

Nikatafuta kisa. Mtu hawezi kusimama mbele ya watu bila kisa. Nikaamua: huyu ni mama ambaye mwanawe alikwenda nchi za mbali, na leo amesikia anarudi. Nikayapanga maneno, nikayarudia garini, nikayarudia ghalani nikiwa nabeba. Yalikuwa maneno mazuri. Mikono ya yule mwanamke nilikuwa nimeiona, na ufagio niliuona, lakini anayetafuta maneno huona ufagio kama kitu cha kupitia tu.

Jumapili ikafika. Nikaiegemeza simu kwenye kopo la maziwa ili nyuso ziione televisheni. Falone akafungua filamu. Wewe ulikuwa palepale, godoroni, mgongo ukutani, umeegemeza kichwa. Ile nyumba ya mawe ikaingia sebuleni kwetu. Shaa, ukasema ufagio. Shaa. Sauti sasa ilikuwapo, na ilikuwa hiyo moja tu.

Nikaanza, kwa sauti ileile ya bandani. "Huyu mama, mwanawe alimwambia, mama, nitarudi kabla ya baridi..."

Shaa.

"...na leo moyo wake umemwambia, simama, weka nyumba sawa..."

"Baba Falone." Ulikuwa wewe. "Nyamaza kidogo."

Nikageuka nikakutazama.

Ulikuwa umeinua kichwa kutoka ukutani. "Ameanza chumba cha ndani," ukasema.

Shaa. Shaa. Kisha Mama Ninahazwe, kutoka Fairfield: "Nimeona."

"Hakusalimu."

"Hata. Ameingia moja kwa moja."

"Na ufagio ni wake. Amekuja nao."

"Ni wake, ndugu yangu. Na yule si wa ukoo. Angalia anavyotafuta mlango, hajui iko upande gani."

"Kwani ametoka wapi?" Patient akauliza, na sauti yake haikuwa na utani ndani.

"Ametoka Italia," Falone akamjibu, kwa Kiswahili.

"Basi amekuja mbali," akasema Mama Ninahazwe. "Mumuache afanye kazi."

Na watu wakamwacha afanye kazi.

Sikuwahi kusikia simu imenyamaza vile. Visanduku vyote vilikuwa na watu, na hakuna aliyesema allo. Katika kimoja mama mmoja alijifunga kitambaa kichwani, taratibu, kama mtu anayeingia kilioni. Katika kingine niliona mtu ameshuka kwenye kiti. Kilibaki kiti, na ukingo wa nywele zake chini. Wameketi sakafuni, nikaelewa. Kila mmoja kwake, nyuma ya mlango wake uliokatazwa, wameketi sakafuni, na mwanamke mmoja anatufagilia nyumba sote.

Shaa. Shaa.

Alitoka chumba cha kwanza akaingia cha pili. Vumbi lilikwenda mbele yake limekunjamana kama mnyama mdogo, mzee. Kwenye ngazi aliketi. Nilipoitazama filamu peke yangu sehemu hiyo niliiona ndefu, nikapanga kuijaza kwa wimbo wa mama anayesubiri. Sasa aliketi, ufagio umelala magotini, mikono imefunguka juu yake, na hakufanya kitu. Mwanga ukahama ukutani. Kwa mbali, kengele, au ndoo.

"Amechoka," mtu akanong'ona.

"Achoke," ukasema. "Hata sisi."

Tukamngoja. Nami nikauachia uchovu wangu uketi pale ngazini pamoja naye: alfajiri zile, barakoa zile, mabega haya. Hakuna aliyetakiwa kuwa na nguvu. Hakuna aliyeambiwa ajipe moyo. Alipokuwa tayari alisimama, akashika ukuta kwanza, akaendelea.

Alifika kizingitini. Akalikusanya vumbi, akalisukuma mara moja, likavuka. Nje kulikuwa na jua kali, na mwanga ule ukala mlango, ukala ukuta, ukala picha yote, mpaka televisheni yetu ikawa nyeupe tupu na uso wako ukawa mweupe kwa mwanga wake. Halafu tukamwona mgongo, anateremka njia ya mawe. Hakufunga mlango. Hakugeuka.

Majina ya mwisho wa filamu yakaanza kupanda. Falone akanyoosha mkono asimamishe picha, asome yule mwanamke anaitwa nani, maana mwalimu angeuliza.

"Muache aende," ukasema. "Haulizwi jina."

Ukasimama. Nilisikia magoti yako. Ulikwenda jikoni umeshika ukuta, nikasikia bomba likifunguliwa, likiachwa litoke mpaka maji yapate moto. Ukarudi na beseni. Ukaliweka chini ya televisheni, ukarudi nyuma hatua kidogo, ukainamisha kichwa. Mvuke ukapanda mbele ya kioo cheusi. Kwenye simu visanduku vikaanza kuzimika, kimoja baada ya kingine, bila kwaheri, kama watu wanavyoondoka uani siku ya mwisho. Mama Ninahazwe aliinua kiganja tu. Patient alizima bila kusema kitu, na hilo kwake ni sala.

Ndipo ukalia. Ulilia kwa sauti ya kwenu, ile inayoanzia tumboni, na kwa mara ya kwanza ukamwita mama yako kwa jina, Mélanie, Mélanie, kama rika lake. Mimi, niliyekuwa na maneno ya Wahindi wote na Wachina wote, nilivua viatu, nikaketi chini karibu na beseni. Falone akaketi upande wa pili. Maji yakapoa katikati yetu.

Ulipomaliza, ulikuwa umetulia kama mtu aliyeshushwa mzigo na bado anahisi kamba begani. Na mimi nikaingiwa na hofu. Maana yule mwanamke alikuwa amefagia Italia. Zulia letu lilikuwa vilevile. Televisheni vilevile, picha ya harusi vilevile katika ukungu wake. Nilijua utaangalia chini, na nilijua utaona.

Ukaangalia chini. Ukaona.

Ukapitisha kidole juu ya televisheni, ukakitazama. Ukakifuta kwenye kitenge.

"Baba Falone."

"Naam."

"Hili sasa ni vumbi tu. Lete ile mashine."

Nikaileta mashine ya kufyonza kutoka kabatini, na waya wake, na kelele zake ambazo nyumba ilikuwa imezisahau. Falone akavuta pazia. Jua la alasiri likaingia limelala, likafika mpaka ukutani, na vumbi lote la msimu ule likaamka ndani yake, likazunguka, likang'aa, likakutulia kwenye nywele na mabegani. Nawe ukajipangusa kwa mkono mmoja bila kuangalia, na mkono wa pili ukaendelea. Halikuwa la mtu tena. Ulifyonza kona ya godoro, ukafyonza chini ya meza, ukafika nilipokuwa nimekaa, ukanigonga unyayo.

"Inua."

Nikainua miguu. Ukapita, na vumbi likakimbia mbele yako.